Kamera ya tarakilishi isiyo na jina: Jinsi ya kuipatia draiva bila kujitia mashakani

KATIKA maduka ya vifaa vya elektroniki kwenye barabara ya Luthuli jijini Nairobi, na katika mengine ya aina hiyo Mombasa, Kisumu na Eldoret, huuzwa kamera ndogo za tarakilishi ambazo hazina jina la kampuni yoyote inayojulikana. Boksi huwa limepambwa kwa maneno machache ya kujisifu, kwamba kamera ni ya USB, picha zake ni safi na inaafikiana na kila tarakilishi. Ndani mna kamera yenyewe, kibanio cha kuishikilia juu ya kiwambo, na pengine kisahani cha CD chenye upana wa sentimita 8. Anwani ya tovuti haipo. Nambari ya simu haipo. Hata jina la mtu wa kulalamikiwa halipo.

Mnunuzi hufika nyumbani, huchomeka waya, na mara nyingi mambo huenda shwari. Lakini si nadra kiwambo kubaki cheusi tititi, au tarakilishi kutoa ujumbe kwamba imekiona kifaa kipya ila haikitambui. Kile kisahani nacho hakisaidii, kwa kuwa vipakatalishi vingi vya miaka ya karibuni havina mahali pa kukitia.

Miaka ishirini iliyopita, hitilafu kama hii ilikuwa kero ndogo tu ya vijana waliokwenda kupiga gumzo katika vibanda vya intaneti. Leo hali ni tofauti kabisa. Tangu 2020, janga la Covid-19 lilipofunga ofisi na madarasa, mahakama za Kenya zimekuwa zikisikiliza kesi nyingi kwa njia ya video, na utaratibu huo haukukoma baada ya janga kupungua. Mahojiano ya kazi, mihadhara ya vyuo vikuu, vikao vya kamati na mazungumzo ya wazazi na watoto wao walioko Ghuba hutegemea kamera hiyohiyo ya bei nafuu. Mlalamishi anayetakiwa kuonekana mbele ya hakimu saa tatu asubuhi hana muda wa kubahatisha. Na ni haraka ya namna hiyo ambayo huwasukuma wengi kupakua faili ya kwanza wanayokutana nayo mtandaoni, hatua ambayo yaweza kuwagharimu mara nyingi zaidi ya bei ya kamera.

Mkalimani ndani ya tarakilishi

Draiva ni programu ndogo inayofanya kazi ya ukalimani. Mfumo wa uendeshaji, uwe Windows, Linux au wa tarakilishi za Apple, haujui kamera fulani imeundwaje ndani. Programu ya mikutano kama vile Zoom inapotaka picha, huuomba mfumo. Mfumo nao huiagiza draiva. Kisha draiva huzungumza na chipu iliyomo katika kamera kwa lugha ambayo chipu hiyo inaielewa. Mkalimani huyo akikosekana, kamera hubaki kuwa kipande cha plastiki chenye lenzi.

Yafaa kukumbukwa kuwa draiva si programu kama zile nyingine. Nyingi za draiva hufanya kazi katika kiini cha mfumo, mahali ambapo programu za kawaida haziruhusiwi kuingia. Ndiyo maana draiva mbovu huweza kuizima tarakilishi nzima kwa ghafla, na draiva iliyotiwa sumu huweza kufanya lolote litakalo bila mwenye tarakilishi kujua.

Huenda mtu akauliza kwa nini kifaa kidogo hivyo kihitaji mkalimani wake cha pekee, ilhali kipanya na kibodi huchomekwa na kuanza kazi papo hapo. Jibu la asili limo katika hesabu. Picha ya upana wa nukta 640 na kimo cha nukta 480 ina nukta 307,200. Kila nukta ikichukua baiti 2, na picha 30 zikipigwa kila sekunde ili mwendo uonekane laini, kamera hutakiwa kusafirisha baiti milioni 18.4 kwa sekunde, ambazo ni kama biti milioni 147. Waya wa USB wa kizazi cha kwanza ulikuwa na uwezo wa kubeba biti milioni 12 tu kwa sekunde.

Ilibidi basi picha zibanwe ndani ya kamera kabla ya kusafirishwa. Kila mtengenezaji wa chipu alikuja na mbinu yake ya kuzibana, na baadhi yao waliifanya siri wasije wakaibiwa na washindani. Draiva ndiyo iliyokuwa na ufunguo wa kuzifungua picha hizo. Kamera moja, draiva moja. Aliyepoteza kisahani alikuwa amepoteza kamera.

Boksi ni la huku, chipu ni ya kule

Siri kuu ya biashara hii ni kwamba kampuni zinazounda maganda ya kamera ni nyingi, ilhali zinazounda chipu ni chache. Miongoni mwa zilizotawala soko la kamera za bei ya chini ni Sonix, PixArt na Sunplus za Taiwan, pamoja na Vimicro ya Beijing, Uchina. Viwanda hununua chipu, vikaongeza lenzi na taa mbili tatu za kupendeza, kisha ganda likachorwa jina lolote ambalo mwagizaji amelitaka, au lisichorwe kitu.

Kutokana na hali hiyo, kamera mbili zenye sura tofauti kama usiku na mchana huweza kuwa na chipu ileile. Na kinyume chake pia hutokea, tena mara nyingi: kiwanda hubadilisha chipu katikati ya uzalishaji bila kubadilisha ganda wala boksi, ila bei ya chipu nyingine imepungua. Anayeitafuta draiva kwa kulinganisha picha ya kamera aliyo nayo na picha zilizo mtandaoni anatwanga maji kwenye kinu. Jina lililo kwenye boksi halina maana, na rangi ya ganda haina maana zaidi.

Chenye maana ni utambulisho uliomo ndani ya kamera yenyewe. Kila kifaa cha USB hubeba nambari mbili ambazo hukitajia tarakilishi mara tu kinapochomekwa. Ya kwanza ni ya kampuni, nayo huandikwa VID. Ya pili ni ya aina ya kifaa, nayo huandikwa PID. Kila moja ina alama nne, zinazotumia tarakimu 0 hadi 9 na herufi A hadi F. Nambari za kampuni hutolewa na jumuiya ya watengenezaji inayosimamia viwango vya USB, ijulikanayo kama USB-IF. Mathalani, 046D ni ya Logitech, 093A ni ya PixArt, na 0AC8 ni ya Z-Star, jina ambalo chipu za Vimicro husajiliwa kwalo. Kamera nyingi zenye chipu za Sonix hujitambulisha kwa 0C45, iliyosajiliwa kwa jina la Microdia. Kamera ikijitaja kuwa VID_0AC8 na PID_301B, hakuna haja ya kukisia tena: chipu yake ni ZC0301, hata kama boksi linadai vingine.

Lugha moja kwa kamera zote

Fujo hiyo ya kila chipu na lugha yake iliwachosha hata watengenezaji wenyewe. Mnamo Septemba 2003, USB-IF ilichapisha kiwango kiitwacho UVC, kinachoeleza jinsi kamera yoyote ya USB inavyopaswa kujitambulisha, kupokea amri na kutuma picha. Kamera inayokifuata haihitaji draiva yake ya pekee, kwa kuwa mfumo wa uendeshaji tayari una draiva moja inayozihudumia zote.

Microsoft iliiweka draiva hiyo katika Windows XP kwa nyongeza ya pili, iliyotolewa 2004. Apple ilifuata 2005 katika toleo la 10.4.3 la mfumo wake, na Linux ikaipokea rasmi Julai 2008 katika toleo 2.6.26 la kiini chake. Kamera nyingi mno zinazouzwa leo, hata zile zisizo na jina, hufuata UVC. Hii ina maana kwamba kamera mpya inapokataa kufanya kazi, uwezekano mkubwa ni kuwa draiva si tatizo. Mafundi wengi wa mitaani hawalisemi hili, labda kwa sababu kusakinisha draiva hulipiwa na kugeuza swichi hakulipiwi.

Kabla ya kutafuta draiva

Jambo la kwanza basi ni kuhakikisha kwamba kosa liko kwenye draiva kweli. Kamera ichomekwe moja kwa moja katika tundu la tarakilishi, isipitie kigawanyo cha matundu, na ijaribiwe katika tundu lingine. Kwenye tarakilishi za mezani, matundu ya nyuma ni ya kuaminika zaidi kwa sababu yamefungwa kwenye bodi kuu yenyewe, ilhali yale ya mbele huunganishwa kwa nyaya ambazo mara kwa mara hulegea. Ikiwezekana, kamera ijaribiwe katika tarakilishi nyingine. Ikifa kote kuwili, hakuna draiva itakayoifufua.

La pili ni ruhusa. Tangu Windows 10, mfumo huo una swichi za kuzuia programu zisitumie kamera. Katika Windows 11 swichi hizo zimo kwenye mipangilio, sehemu ya "Privacy & security", kisha "Camera". Ikiwa swichi kuu imezimwa, kamera nzima kabisa huonekana kana kwamba imekufa. Vivinjari navyo vina ruhusa zake, na mtu aliyewahi kubofya kitufe cha kukataa, tuseme siku ya mkutano wake wa kwanza, hataulizwa tena na tovuti ile. Sharti aibofye alama iliyo kando ya anwani ya tovuti na kubadilisha uamuzi huo mwenyewe. Baadhi ya programu za kupambana na virusi pia huifunga kamera kimyakimya.

Kuna jambo la tatu. Mara nyingi kamera huhudumia programu moja tu kwa wakati mmoja. Zoom ikiwa imeachwa wazi nyuma ya madirisha mengine, programu nyingine ya mikutano itapata giza. Wakili au mteja anayehama kutoka mkutano mmoja hadi mwingine asubuhi moja hukumbwa na hili zaidi ya mtu yeyote, na dawa yake ni kuifunga programu ya kwanza kabisa. Tena kuna vifuniko vidogo vya lenzi, ambavyo vimewaaibisha wataalamu wengi tu.

Kuusoma utambulisho

Iwapo yote hayo yamekaguliwa na kamera bado imenuna, ndipo utafutaji huanza. Katika Windows, mtumiaji hubofya kitufe cha kulia cha kipanya juu ya alama ya Windows iliyo chini ya kiwambo, kisha huchagua "Device Manager". Orodha ya vifaa vyote hufunguka. Kamera iliyotambuliwa huorodheshwa chini ya "Cameras" au "Imaging devices"; isiyotambuliwa huwekwa chini ya "Other devices" ikiwa na alama ya mshangao yenye rangi ya manjano. Asiyejua ni ipi kati ya kadhaa, na aichomoe kamera huku akiitazama orodha: itakayotoweka ndiyo yenyewe.

Kifaa hicho kikibofywa mara mbili, dirisha lenye maelezo hujitokeza. Ukurasa wa kwanza hutaja hali ya kifaa na msimbo wa kosa, ambao watu wengi huupuuza ilhali unasema mengi. Msimbo 28 una maana kwamba hakuna draiva iliyosakinishwa. Msimbo 10 ni kuwa draiva ipo lakini kifaa kimeshindwa kuanza. Msimbo 43 ni kuwa kifaa chenyewe kimetoa taarifa ya hitilafu, na mfumo umekisimamisha. Huu wa mwisho ukiambatana na utambulisho wenye VID ya sufuri tupu, yaani VID_0000, kamera imeshindwa hata kutaja jina lake. Kwa kawaida hapo waya umekatika ndani au chipu imeungua, na saa za kutafuta draiva zitapotea bure.

Ukurasa uitwao "Details" ndio wenye hazina. Katika kisanduku cha kuchagulia, mtumiaji huteua "Hardware Ids", na mstari wa aina ya USB\VID_0AC8&PID_301B hutokea. Huo ndio wa kunakili. Lakini kabla ya kuondoka hapo, ni vyema ateue pia "Compatible Ids". Ikiwa miongoni mwa mistari ya hapo mna Class_0E, kamera inafuata UVC, kwa kuwa 0E ndiyo nambari ya vifaa vya video katika viwango vya USB. Ikiwa kuna Class_FF pekee, kamera inatumia lugha ya mtengenezaji wake na haina budi kupata draiva mahususi. Ukaguzi huu wa dakika moja huamua njia zote zinazofuata, na ni ajabu jinsi maelezo mengi yanayosambazwa mtandaoni yanavyouruka.

Yenye 0E haina haja ya kupakua chochote. Mtumiaji hubofya kifaa kwa kitufe cha kulia, huchagua "Update driver", kisha njia ya kutafuta katika tarakilishi yake mwenyewe, kisha ile ya kuchagua kutoka kwa orodha iliyopo. "USB Video Device" ikionekana humo, aiteue na kuendelea. Hiyo ndiyo draiva ya Microsoft yenyewe. Wengi hugundua kwamba draiva iliyosakinishwa kutoka kwenye kile kisahani ndiyo iliyoivuruga kamera, na kwamba kuiondoa ndiyo tiba.

Penye draiva za kweli, na penye mitego

Kwa kamera yenye lugha yake ya pekee, mahali pa kwanza pa kutafuta ni Windows yenyewe, katika sehemu ya masasisho ya hiari, ambako draiva za watengenezaji mbalimbali huwekwa baada ya kupitia Microsoft. Pa pili ni Microsoft Update Catalog, tovuti ya kampuni hiyo ambamo mtu yeyote huweza kuandika utambulisho wa kifaa, yaani VID na PID, na kuonyeshwa draiva zilizopo. Faili inayopakuliwa huko huwa ya aina ya cab. Hufunguliwa ndani ya folda, kisha "Device Manager" ikaelekezwa kwenye folda hiyo. Kwa kamera iliyojengwa ndani ya kipakatalishi, tovuti ya mtengenezaji wa kipakatalishi chenyewe ndiyo mahali pa kwenda.

Kuna njia rahisi ya kuthibitisha iwapo draiva iliyopatikana ni ya kamera husika. Ndani ya folda yake huwa na faili yenye jina linaloishia kwa inf. Faili hiyo ni maandishi matupu na yaweza kufunguliwa kwa Notepad. Ikiwa VID na PID zilizonakiliwa hazimo humo, draiva hiyo si yake na haifai kusakinishwa. Draiva itakayoleta matatizo nayo huweza kuondolewa: kitufe cha "Roll Back Driver" katika maelezo ya kifaa huirudisha iliyotangulia.

Tatizo ni kwamba mtu akiandika utambulisho huo katika injini ya kutafutia, mara nyingi hatapelekwa kwenye tovuti hizo. Atapokelewa na msururu wa kurasa zinazojidai kuwa na draiva ya kila kifaa kilichopata kuundwa duniani. Nyingi huwa na vitufe vikubwa vya kijani vya kupakulia ambavyo kwa kweli ni matangazo. Nyingine humpa mgeni programu ya "kusasisha draiva zote" badala ya draiva aliyoifuata. Programu hiyo huikagua tarakilishi, hutangaza kuwa imegundua makosa chungu nzima, kisha hudai malipo. Faili ya draiva inayokuja kama programu moja ya exe, kutoka kwa tovuti isiyojulikana mwenyewe, ni ya kuogopwa. Asiye na budi kuijaribu na aipitishe kwanza katika VirusTotal, huduma ya bure inayoikagua faili kwa kutumia programu nyingi za kupambana na virusi kwa mpigo.

Hofu hii haina chuku. Ipo jamii ya programu hasidi ambazo humpa mdukuzi uwezo wa kuiendesha tarakilishi ya mtu akiwa mbali, ikiwemo kuwasha kamera. Mei 2014, polisi wa nchi mbalimbali waliwakamata watu zaidi ya 90 katika msako dhidi ya waliouza na kutumia programu moja ya aina hiyo iliyoitwa Blackshades. Nchini Kenya, Sheria ya Matumizi Mabaya ya Kompyuta na Uhalifu wa Mtandaoni ya 2018 inaharamisha kuingia katika tarakilishi ya mtu bila idhini, na adhabu yake ni faini isiyozidi Sh5 milioni au kifungo kisichozidi miaka mitatu, au vyote viwili. Hata hivyo, kumnasa mdukuzi aliye bara jingine ni kibarua kigumu, na sheria haiwezi kuzirejesha picha zilizokwisha kusambazwa. Anayetafuta kamera ili aonekane mahakamani huweza kujikuta akionekana na watu ambao hakuwaalika.

Kamera za zamani na ukuta wa biti 64

Kundi moja la wamiliki halina bahati katika Windows, nao ni wale wenye kamera za kabla ya UVC zilizoundiwa Windows XP, mfumo ambao Microsoft iliacha kuuhudumia Aprili 8, 2014. Draiva zake ziliandikwa kwa mfumo wa biti 32, na Windows ya biti 64 haiwezi kuzipakia hata kidogo. Windows 11 haina toleo la biti 32 kabisa, na msaada wa kawaida wa Windows 10 ulikoma Oktoba 14, 2025.

Isitoshe, tangu Windows Vista, matoleo ya biti 64 hudai draiva za kiini ziwe na sahihi ya kidijitali inayothibitisha zimetoka kwa nani. Kuna maelezo tele mtandaoni ya jinsi ya kuuzima ulinzi huo ili draiva isiyo na sahihi ipite. Kufanya hivyo kwa ajili ya kamera ya bei ya chakula cha mchana ni sawa na kung'oa mlango wa nyumba ili kuingiza kiti.

Ajabu ya mambo ni kwamba kamera hizo kongwe, zilizokataliwa na Windows, nyingi zinaishi raha mustarehe katika Linux. Shukrani ziende kwa Michel Xhaard, daktari wa tiba kutoka Ufaransa, ambaye kazi ya udaktari haikumzuia kuandika, bila malipo, draiva za aina zaidi ya 200 za kamera ambazo watengenezaji wake hawakuijali Linux. Kazi yake, iliyoendelezwa na wengine kwa jina la gspca, iliingizwa katika kiini cha Linux toleo la 2.6.27 mnamo Oktoba 2008, na huja na mfumo wenyewe. Hakuna kisahani wala tovuti ya kubahatisha.

Hata asiyetaka kuhama kutoka Windows huweza kunufaika. Mifumo kama Ubuntu huweza kuwashwa kutoka kwenye flashi bila kusakinishwa wala kugusa chochote kilichomo katika tarakilishi. Amri ya lsusb huonyesha VID na PID za vifaa vyote vilivyochomekwa, na programu iitwayo Cheese, ambayo huweza kuongezwa bila malipo, huonyesha picha. Ikiwa kamera inaonyesha picha huko, basi ni nzima, na aliyekuwa akiilaumu ataacha.

Dukani, kabla ya kulipa

Aliye na mkutano kesho na kamera iliyogoma bado ana njia nyingine, ambayo ni simu iliyo mfukoni mwake. Mialiko mingi ya mikutano ya video hufunguka kwenye simu moja kwa moja. Tena simu yenyewe huweza kuwa kamera ya tarakilishi: Apple iliuanzisha uwezo huo 2022 kwa simu na tarakilishi zake, na baadhi ya simu zenye Android 14 au matoleo ya baadaye huweza kuchomekwa kwa waya wa USB na kutambuliwa kama kamera ya UVC. Picha yake, kusema kweli, mara nyingi huishinda kwa mbali ile ya kamera isiyo na jina.

Anayenunua upya na aulize kama kamera ni ya UVC. Muuzaji asipolijua neno hilo, swali la badala ni kama kamera hufanya kazi katika Windows 11 bila kisahani. Nambari zilizoandikwa kwenye boksi zisimtishe wala zisimfurahishe. Picha ya 1080p ya kweli ina nukta 2,073,600, lakini kamera nyingi za bei ya chini zina kihisi cha nukta 307,200 tu, na zinazosalia hubuniwa na programu kwa kuzinyoosha zile chache. Picha huongezeka ukubwa bila kuongezeka uwazi. Ikiwa muuzaji ana tarakilishi pale dukani, programu ya "Camera" ya Windows huonyesha, katika mipangilio yake, viwango vya video ambavyo kamera inavitoa, na maandishi madogo ya gazeti yakiwekwa mbele ya lenzi huonyesha kama nambari hizo ni za haki.

Jaribio hilo huchukua muda mfupi kuliko kusubiri chenji. Kifungu cha 46 cha Katiba ya Kenya kinampa mnunuzi haki ya kupata bidhaa za ubora unaofaa na maelezo ya kumwezesha kuzitumia, lakini risiti nyingi za maduka haya huwa zimeandikwa chini kabisa kwamba bidhaa ikishauzwa hairudishwi, na kubishana na muuzaji juu ya kipi kina nguvu zaidi kati ya katiba na risiti yake huweza kuchukua siku nzima. Kamera iwashwe ikiwa bado kaunta, pesa zikiwa bado mkononi mwa mnunuzi.